Umbali Kwanza, Sauti Baadaye: Mtoto wa Mbwa na Usikivu Darasani
Hotuba kwa wenye mbwa wachanga wanaoanza mafunzo, Goma

Mama zetu, baba zetu, vijana, na ninyi walinzi mliotoka zamu ya usiku mkapitiliza hapa bila kulala, karibuni, na asanteni kwa kuja.

Leo hatufundishi mbwa kukaa, kulala wala kuja akiitwa. Hayo yataanza wiki ijayo uwanjani. Leo tunashughulikia linaloyatangulia yote: namna ya kuyaweka masikio na macho ya mtoto wa mbwa kwako wakati wenzake watano wanabweka, motari, yaani dereva wa teksi ya pikipiki, anapiga honi nyuma ya ukuta, na watoto wa mtaa wamepanda juu ya mawe kutazama. Usikivu huo hauji kwa bahati, na hauuzwi pamoja na mbwa wa kizungu. Unafundishwa, una hatua zake, na mtoto wa mbwa wa mtaani anaupata sawasawa na yule aliyenunuliwa kwa dola.

Lalamiko tunalolisikia kila darasa jipya ni lile lile: "Nyumbani anajua kila kitu, hapa anajifanya hanijui." Mtu analisema kwa aibu, kisha anavuta kamba, kisha anapaza sauti. Tuanzie hapo. Mtoto wa mbwa wa wiki 12 asiyesikia darasani hajakudharau. Ama yuko karibu mno na kitu kinachomvuta au kumtisha, ama mwili wake unamsumbua, ama amechoka, ama unachomlipa hakilingani na kazi unayomtaka afanye. La kwanza ndilo linalotokea mara nyingi zaidi, na ndilo watu wanalolikumbuka mwisho. Kumweka mbwa mchanga katikati ya wenzake siku ya kwanza na kumwambia atulie ni kama kumpa mtoto wa darasa la kwanza mtihani wa hesabu katikati ya Birere, mtaa wetu wa biashara, saa za asubuhi. Hesabu anaijua. Mahali ndipo hapafai.

Kwa hiyo ukiona hasikii, badilisha umbali kabla ya kubadilisha sauti.

Umbali unaofaa utaujuaje? Kwa chakula. Ukifika, simama pembeni kabisa, mpe kipande kimoja cha kitu anachokipenda, na utazame mdomo wake. Akikichukua taratibu kwa ulimi na midomo, akakuinulia macho kuomba kingine, hapo panafaa, kazi ianze. Akikinyakua kwa meno hadi vidole vinauma, na nyumbani hana tabia hiyo, msisimko umeshampanda; rudi nyuma hatua tano ujaribu tena. Akikinusa akakiacha, au akakitema, au hata hakukiona, basi uko karibu kupita kiasi, na hakuna neno utakalomwambia likamwingia. Usibishane naye. Geuka, ondoka naye mita 10, mita 15, pita nyuma ya gari au kona ya ukuta, ukae huko mpaka aanze kula tena. Darasa zima mkilimalizia nyuma ya gari, si hasara. Mwalimu atawafuata huko.

Kabla hajafika hatua ya kukataa chakula, mwili wake huwa umeshasema. Anajilamba pua wakati hakuna chakula. Anapiga miayo naye hana usingizi. Anajikuna ghafla katikati ya zoezi, au ananusa ardhi kwa bidii mahali ambapo dakika moja iliyopita hapakuwa na chochote cha kunusa. Ukimwinamia, anageuza kichwa pembeni. Wengi huyaita hayo ukaidi, na hapo ndipo kofi linapotokea. Ni dalili za mbwa aliyezidiwa, na kofi linamwongezea kitu kimoja zaidi cha kuogopa: wewe.

Uwanjani kwetu tunaweka mita 4 kati ya mbwa na mbwa, na mita 8 kwa mwenye woga au mwenye kelele. Pakikosekana nafasi, tunafunga kamba kati ya nguzo mbili na kuning'iniza turubai au kitenge kizee, kianzie chini kifike mita moja juu. Mbwa asiyemwona mwenzake hupoa haraka kuliko mnavyodhani, hata kama bado anamsikia. Chagua kona, ukuta uwe nyuma yake, ili abaki na upande mmoja tu wa kulinda kwa macho. Na ufike dakika 10 kabla ya somo. Ukifika dakika 40 kabla, usikivu wake utakuwa umetumika wote kabla mwalimu hajasema jambo. Ukifika umechelewa unahema, yeye naye atahema.

Sasa mwili. Hapa tutakaa kidogo, maana nusu ya matatizo ya darasani yanatoka nyumbani.

Mtoto wa mbwa hulala saa 18 hadi 20 kwa siku. Aliyekosa usingizi hasinzii tu kama mtu mzima. Anakuwa mkorofi, anauma suruali, anavuta kamba, anabweka ovyo. Basi somo likiwa saa kumi na moja jioni, kuanzia saa tisa awe amelala mahali pa kimya, mbali na watoto waliotoka shule. Mlo wake wa mwisho uwe saa mbili hadi tatu kabla ya somo, na uupunguze kwa theluthi moja. Usimshindishe njaa, kwani mwenye njaa kali anaona chakula tu, halioni zoezi. Kabla ya kuingia uwanjani mtembeze dakika 10 kamba ikiwa imelegea, anuse anachotaka, akojoe, anye. Kunusa kunamtuliza. Kumkimbiza na mpira ili "apunguze nguvu" kunafanya kinyume: anaingia darasani moyo unadunda, na mwili unachukua muda mrefu kushuka.

Minyoo na viroboto nao ni adui wa usikivu. Mbwa anayewashwa hawezi kukutazama sekunde tano. Dawa ya minyoo hutolewa kila wiki mbili tangu akiwa na wiki 2 hadi afikishe wiki 12, kisha kila mwezi mpaka miezi 6. Chanjo ya kwanza ya magonjwa kama parvo hutolewa kati ya wiki ya 6 na ya 8, inarudiwa kila wiki tatu au nne hadi wiki ya 16, na ya kichaa cha mbwa kwa kawaida hutolewa akifika wiki 12. Hatumpokei asiye na kadi. Lakini pia msingoje chanjo zote ziishe. Dirisha la mbwa kuzoea dunia bila woga linaanza kufungwa karibu na wiki ya 14, na aliyefungiwa ndani ya kiwanja hadi miezi mitano atatugharimu sote kazi kubwa zaidi. Siku 7 baada ya chanjo ya kwanza na dawa ya minyoo, aje, uwanja ukiwa safi na wenzake nao wakiwa wamechanjwa.

Halafu kuna ardhi yetu. Mji huu umekaa juu ya mawe ya volkano ya Nyiragongo, na mawe hayo yanaingia darasani. Mara nyingi mtu anasema "kaa", mbwa anainama nusu, anasimama tena. Mwenyewe anakasirika, anamsukuma kiuno chini. Mpapase tumbo na mapaja: hayana manyoya bado. Umemwambia akalie changarawe ya lava, ambayo wewe mwenyewe usingeikalia na suruali. Lete gunia tupu au kipande cha zulia, kikunje mara mbili, umkalishe hapo. Nyayo zake nazo bado laini. Zitazame kila baada ya somo, hasa katikati ya vidole, kijiwe kinakwama humo. Na jua likiwaka, mawe meusi yanashika moto upesi. Weka kiganja juu ya jiwe sekunde 7. Ukishindwa kuvumilia, yeye naye hawezi, na atatumia akili yake yote kuinua mguu mmoja baada ya mwingine. Kabla ya saa tatu asubuhi au baada ya saa kumi jioni ni bora.

Kuna jingine ambalo walimu wa mbwa wa nchi nyingine hawalitaji, sisi hatuwezi kuliacha: mazuku, yaani mashimo na mabonde yanayojaa hewa ya kuua. Mtu anatafuta mahali pa kimya pa kufanyia mazoezi, anapata bonde dogo, shimo la zamani, upande wa Lac Vert au Bulengo, hakuna motari wala watoto. Pamependeza mno. Hewa ya kaboni dioksidi inayotoka ardhini ni nzito kuliko hewa ya kawaida, inatulia kwenye mabonde, hasa alfajiri kabla upepo na jua havijaitawanya. Pua ya mtoto wa mbwa iko sentimita 20 kutoka ardhini. Anaivuta kabla wewe hujahisi lolote. Mazoezi yafanyike mahali palipoinuka, penye upepo. Na mbwa akilegea au kuyumba ndani ya shimo la namna hiyo, mvute kwa kamba aje juu, usishuke kumfuata.

Tuje kwenye vifaa, na hapa tutapita haraka. Kamba ya mita moja na nusu hadi 2, bapa, isiyokata mkono. Ile inayojivuta na kujirefusha yenyewe iacheni nyumbani, kwani inamfundisha kwamba akivuta anapata nafasi zaidi. Mnyororo ni mzito kwa shingo changa na kila akigeuka unalia. Mkanda wa kifua ni bora kuliko kola kwa anayevuta, kwa sababu koo halibanwi, na pia kwa sababu unaweza kuwa vazi la kazi: anavalishwa kwa somo tu, anavuliwa likiisha. Wanaofundisha mbwa wa kufuata nyayo, kama wale ambao Hifadhi ya Virunga imekuwa ikiwatumia dhidi ya majangili, wana desturi hiyo: mkanda ukifungwa, mbwa anajua kazi imeanza. Ongeza chupa ya maji na bakuli, gunia la kukalia, na kifuko cha chakula kilichofungwa nyuma ya nyonga. Kikikaa mbele tumboni, macho yake yatabaki tumboni.

Ndani ya kifuko kuna nini? Malipo yawe ya ngazi tatu. Ya chini ni punje za chakula chake cha kila siku, au kiazi kitamu kilichochemshwa. Ya kati ni yai la kuchemsha au ini lililochemshwa likakaushwa kidogo juu ya kikaango. Ya juu ni nyama ya kuku isiyotiwa chumvi, jibini ya Masisi, au sambaza, wale samaki wadogo wa ziwani. Ngazi ya chini inatosha sebuleni, ya kati barazani na kiwanjani, ya juu inangoja darasa. Tatizo kubwa ni kwamba watu wanafanya kinyume. Mbwa anakula jibini jikoni kila asubuhi kwa sababu ana macho mazuri, halafu darasani mwenyewe anatoa kidonge kikavu cha bugali mfukoni. Ukishampa jibini bila kazi, uwanjani utamlipa kwa nini?

Sambaza waliokaushwa mara nyingi wana chumvi. Waloweke saa moja, mwaga maji, suuza, wakaushe juu ya kikaango bila mafuta, kisha kata kila mmoja vipande vitatu. Harufu yao inawashinda mbwa wote uwanjani, na vidole vyako pia. Huo ndio ubaya wake. Jibini ikatwe ndogo na isiwe chakula cha kila siku, ina mafuta na chumvi. Ukubwa wa kipande ni punje moja ya mahindi, si zaidi. Kikubwa kinatafunwa sekunde nne tano, na mbwa akimaliza kutafuna ameshasahau alilipwa kwa ajili ya nini. Somo la dakika 45 linakula vipande kama 100, na kwa ukubwa huo kuku wa gramu 30 au 40 anatosha. Vyote vya ziada visipite sehemu moja ya kumi ya chakula chake cha siku. Vikizidi, punguza mlo wa jioni. Vitunguu vya aina zote, chokoleti, zabibu, na mifupa iliyopikwa visikaribie kifuko. Nyama iliyobaki kwenye mchuzi wa jana ina kitunguu. Iacheni.

Sasa mafunzo yenyewe. Yanaanza nyumbani siku tano au saba kabla ya darasa la kwanza, na yanaanza na neno moja la kumwambia "hapo umepatia". Chagua neno fupi, lisilotamkwa kila saa nyumbani. Sisi tunatumia "safi". Siku ya kwanza hudai chochote: unasema "safi", kisha unatoa kipande. Mara 15 au 20, pumzika, rudia jioni. Angalia mpangilio wa mkono, maana hapa ndipo wengi wanapokosea bila kujua. Mkono utulie kabisa, mtupu, ubavuni. Neno litoke. Kisha, baada ya nusu sekunde, mkono uende kwenye kifuko. Mkono ukianza kusogea pamoja na neno, mbwa anajifunza kutazama mkono, na neno linakuwa kelele tu. Ukitaka kujua kama limeingia, liseme akiwa anatazama pengine. Kichwa kikigeuka kwa kasi, limeingia.

Jina ndilo linalofuata. Sema "Simba" mara moja, kwa sauti ya kawaida. Akigeuza macho kwako, "safi", kipande. Mara 10, halafu basi. Vipindi vitatu kwa siku vinatosha. Asipogeuka ndani ya sekunde mbili, usirudie jina. Toa sauti ya busu au piga hatua moja nyuma, akigeuka mlipe, na duru inayofuata sogea mahali pa kimya zaidi. Jina lililorudiwa mara sita bila matokeo linakufa. Linakufa pia likitumika kumkaripia: "Simba! Simba, toka hapo! Simba, nitakuchapa!" Baada ya wiki mbili za hayo, ukisema Simba darasani atainamisha masikio atazame pembeni, na atakuwa na haki.

La tatu ni kumsubiri akutazame bila kumwita, na kwa maoni yetu ndilo lenye thamani kuliko yote. Simama umeshika kamba, umlegezee, usiseme kitu. Atatazama mlango, kuku, mchwa. Ngoja. Ipo sekunde atakayoinua macho kuona kwa nini umenyamaza. "Safi", lipa. Mwanzoni mlipe kwa mtupo mmoja wa jicho. Kisha sekunde moja, mbili, moja, tatu, mbili, tano, moja. Usipandishe tu, changanya fupi na ndefu, la sivyo anaona kazi inazidi kuwa ngumu kila mara na anajiuzulu. Katika siku nne tano utaona anakufuata kwa macho nyumba nzima. Huyo ndiye unayemleta darasani.

Ongeza kugusa kiganja kwa pua. Fungua kiganja sentimita 10 kutoka puani, kando ya uso wake. Akikinusa, "safi", lipa kwa mkono mwingine. Akishajua, unaweza kumgeuza kutoka kwa mbwa mwenzake bila kuvuta kamba hata kidogo: unashusha kiganja, anakifuata.

Na kuna hesabu ya moja, mbili, tatu. Tembea naye pole pole, sema "moja", "mbili", "tatu", na kwa "tatu" kipande kinatoka mkononi pembeni ya goti lako. Usidai chochote, hata asipokutazama. Baada ya duru kumi hivi atakuwa anakutazama kwenye "mbili". Hesabu ni ile ile kila mara, haina mshangao, na ndiyo sababu inamtuliza. Hiyo ndiyo dawa ya kupita karibu na motari aliyewasha pikipiki, chukudu, ile baiskeli ya mbao ya kubebea mizigo, linaloshuka na mzigo wa makaa, au geti lenye mbwa anayebweka ndani.

Kila zoezi lipande ngazi ya mahali: sebuleni, barazani, kiwanjani, getini likiwa wazi, njia ndogo ya mtaa, njia panda ya mbali, kisha darasa. Kipimo cha kupanda ni mara 8 katika 10. Akipatia 8, panda. Akipatia 5 au chini ya hapo, shuka ngazi moja bila kinyongo. Na katika umbali, muda na vishawishi, badilisha kimoja tu kwa wakati mmoja. Ukimsogeza karibu na mbwa wengine, rudisha muda uwe sekunde moja. Ukitaka sekunde kumi, rudi mbali. Anayebadilisha vyote vitatu siku moja ndiye anayesema mbwa wake amesahau.

Darasani, dakika tano za kwanza hatufanyi kitu. Mbwa yuko juu ya gunia lake, anatazama, anapokea kipande kila anapotulia. Akimtazama mbwa mwenzake bila kubweka, sema "safi" papo hapo, akiwa bado anamtazama, na umlipe akikugeukia. Watu huogopa kwamba wanamlipa kwa kutazama kwingine. Wanamlipa kwa kuona jambo na kubaki mtulivu, na baada ya mara kadhaa anaanza kutazama haraka na kukurudia mwenyewe. Baada ya hapo tunafanya kazi dakika mbili tatu, tunapumzika dakika mbili juu ya gunia, mpaka mwisho. Katika dakika 45, kazi halisi ni kama nusu tu. Mwenye kudhani ameibiwa muda wake na ajaribu kumfanyisha mbwa wa wiki 10 kazi ya dakika 20 mfululizo.

Wakati wa mapumziko mbwa hawasalimiani wakiwa kwenye kamba. Tunajua inaonekana ni roho mbaya. Lakini akishajifunza kwamba kuvuta kwa nguvu kunamfikisha kwa rafiki, kila darasa litakuwa vita. Muda wa kucheza upo mwishoni, wawili wawili wanaolingana umbo, kamba zimefunguliwa ndani ya uzio.

Makosa mengine ni ya kwetu sisi watu. Tunaongea mno; baada ya dakika tatu sauti yako kwake ni sawa na redio ya jirani. Tunashika kamba ikiwa imekaza, naye kwa maumbile anasukuma kinyume na kinachomvuta. Kamba iwe na tumbo, iwe na umbo la tabasamu kati yenu. Tunamwinamia kwa juu, naye anarudi nyuma. Simama wima au chuchumaa kwa ubavu. Tunatazama simu. Mbwa amekutazama mara nne hukumwona, kwa nini akutazame mara ya tano? Na nyumbani kila mtu ana amri yake: baba anasema "assis", mama "kaa", mlinzi "ikala", mtoto anapiga makofi. Chagueni neno moja kwa kila kitendo, liandikwe kwenye karatasi, karatasi ibandikwe mlangoni jikoni. Mlinzi apewe maneno hayo siku ya kwanza kabisa, kwa kuwa ndiye anayekaa na mbwa saa nyingi kuliko ninyi nyote.

Umri nao una mambo yake. Kati ya miezi 4 na 6 meno yanabadilika, fizi zinauma. Atatafuna kamba na gunia. Mpe kitambaa safi kilicholoweshwa na kupozwa atafune wakati wa mapumziko, na chakula kiwe laini. Kuanzia miezi 6 hivi ataingia ujana, na aliyekuwa anakutazama kila sekunde ataanza kutazama dunia. Hakuna kilichoharibika. Rudisheni umbali, rudisheni malipo ya ngazi ya juu, fanyeni hatua za sebuleni upya kwa wiki mbili tatu.

Kwa vijana mnaotaka kuwa walimu: mwalimu mmoja asizidishe mbwa 6, na 4 ni bora. Wenye miezi miwili hadi minne wasichanganywe na wenye miezi minane. Mvua ikianza kupiga bati, simamisheni zoezi, endeleeni na vipande juu ya gunia. Kelele ile kwa mbwa mchanga ni kishawishi kikubwa kuliko mbwa kumi. Na mkiona mbwa mmoja amezidiwa, msimwambie mwenyewe mbele ya wote. Nendeni mkatembee naye mpaka nyuma ya ukuta.

Somo likiisha, msipitie kwa mjomba kumwonyesha mbwa. Mpeni maji, akojoe, vua mkanda wa kifua, alale kwa muda wa saa mbili. Siku hiyo hakuna mazoezi mengine, hata yale mepesi. Kesho yake fanyeni vipindi vya dakika mbili mbili sebuleni, ngazi ya chini ya malipo.

Wiki ijayo tukutane saa mbili asubuhi, kila mmoja na kadi ya chanjo, gunia, maji, na vipande 100 vilivyokatwa tayari. Kisu hakifunguliwi uwanjani. Sasa tuchukue maswali, na mwenye mbwa anayebweka pale mlangoni aanze, maana mbwa wake ameshangoja vya kutosha.